Kufuli kwenye ghala lisilostahili: kisa cha kikundi cha wanawake wa shea kaskazini mwa Ghana

Kisa hiki ni cha kikundi cha akina mama 42 wanaookota na kuuza shea, tunda la mti wenye kokwa za mafuta, katika mji mmoja wa savana, kaskazini mwa Ghana. Jina la mji, la kikundi na la shirika lililonipeleka huko nimeyaacha, na mambo machache ambayo yangemtambulisha mtu nimeyabadilisha. Nilikuwa mwezeshaji wao kwa misimu mitatu. Maamuzi mawili yaliyowaumiza baadhi yao niliyaunga mkono kwa mdomo wangu, kwa hiyo ninapochambua makosa humu najihesabu miongoni mwa waliokosa.

Usuli

Mji upo katika nchi ya Wadagomba, mwendo wa saa mbili hivi kwa basi kutoka Tamale. Una barabara moja ya lami, msikiti wa Ijumaa, zahanati, stendi yenye bajaji za mizigo, na soko linalorudi kila siku ya sita. Kwa kuwa ni sita na si saba, siku ya soko huhama: likiwa Jumatatu, lijalo ni Jumapili. Watu hupanga safari, harusi na malipo ya madeni kwa kuhesabu masoko. Kikundi nacho kilikutana kesho yake baada ya soko, wakati pesa bado zingalipo mkononi.

Mvua ni msimu mmoja tu, kuanzia Aprili au Mei hadi Oktoba. Baada ya hapo huvuma harmatani, upepo mkavu wenye vumbi la Sahara, unaopasua midomo na kukausha nguo kabla hujamaliza kuanika. Msomaji wa Dodoma au Singida anaifahamu hesabu ya namna hii: unavuna mara moja, unakula mwaka mzima.

Katikati ya mashamba ya mahindi na karanga husimama miti ya shea. Haipandwi. Mkulima anapofyeka shamba huiacha, na mti huchukua miaka 15 hadi 20 kabla ya kuzaa vizuri, kisha huweza kuzaa kwa vizazi kadhaa. Anayeukata kwa ajili ya mkaa anakata kilichoachwa na babu zake. Jamaa yake yuko hata kaskazini mwa Uganda, ambako Waacholi na Walango hukamua mafuta wanayoyaita moo yaa.

Kazi ya shea ni ya wanawake. Huamka kabla ya alfajiri wakiwa na karai na tochi, waokote matunda yaliyodondoka usiku, wakiwa na hofu ya nyoka majanini. Nyama ya tunda huliwa. Kokwa huchemshwa mapema, kwa sababu ikiachwa huanza kuota na mafuta yake huharibika. Kisha huanikwa, hubanguliwa, na viini huanikwa tena mpaka vikauke kabisa. Sehemu ya viini hubaki mjini vikatwangwa, vikakaangwa, vikasagwa na kukandwa kwa maji hadi siagi iibuke juu, siagi ya kupikia, ya ngozi na ya kumkanda mtoto mchanga. Vingi huuzwa. Wengi wetu tunaijua shea kwa mafuta ya ngozi, lakini sehemu kubwa inayosafirishwa nje huishia kwenye chakula, hasa chokoleti: sheria ya Umoja wa Ulaya inaruhusu hadi asilimia 5 ya chokoleti iwe mafuta ya mimea mingine kando ya siagi ya kakao, na shea ni mojawapo ya iliyotajwa.

Sasa jambo lenyewe lililozaa kisa hiki. Desturi ya nyumba ya Kidagomba hugawa mzigo wa chakula: mume hutoa nafaka, mke hutoa kitoweo. Ugali wao, tuo zaafi, unatoka kwenye mahindi ya mume. Bamia, dagaa wakavu, chumvi na dawadawa ya kukolezea mchuzi vinatoka kwenye mkoba wa mke. Nyumba yenye wake wengi hupika kwa zamu, na ikifika zamu yako huwezi kusema leo huna. Nafaka ya mume ikikatika, mwenye zamu hujaziliza mwenyewe, kimyakimya, ili nyumba isiaibike. Nafaka huanza kukatika kuanzia Mei hadi Agosti, kabla ya mavuno mapya. Na shea hudondoka kuanzia Mei hadi Agosti. Tunda huiva wakati uleule ambao mwenye kuliokota hana uwezo wa kungoja bei.

Wanunuzi wanalijua hilo. Mkubwa wao mjini alikuwa mama mmoja aliyekwenda Makka, ambaye watu wote walimwita Hajia, kama sisi tunavyosema Hajati. Alikuwa akikopesha pesa kuanzia Machi, shea ikiwa bado maua, na kulipwa kwa viini mwezi wa Julai, kwa bakuli lililorundikwa hadi ncha. Wasomaji wa Mtwara na Lindi wataita kangomba, na hilo bakuli wataliita ndugu wa lumbesa. Lakini haikuwa rahisi kumwita adui. Hajia alikuwa shangazi wa wanachama wanne. Mtu akifiwa usiku, mlango uliogongwa ulikuwa wake, na ulifunguliwa.

Kikundi chenyewe kilikuwa cha kuweka na kukopa: sanduku la chuma, kufuli tatu, funguo tatu kwa watu watatu, hisa kila kikao. Nilipoliona sanduku nilihisi nipo nyumbani, kumbe sisi ndio wageni wake. Mfumo huu ulianza Niger, upande wa Maradi, mwaka 1991, kwa jina la Kihausa Mata Masu Dubara, ukaja kwetu baadaye na kuzaa VICOBA.

Msimu wa kwanza: ghala

Kiongozi wa wanawake mjini huitwa Magazia. Huyu wa kwetu alikuwa mwanamke wa miaka hamsini na kitu, mwenye sauti ndogo na kumbukumbu kubwa ya madeni ya watu. Mwezi wa Aprili alileta wazo: tukusanye viini pamoja, tusiuze Julai, tufungie hadi Januari bei itakapopanda, tuuze kwa mpigo. Alikwenda kumsalimu chifu na kokwa za kola za kutafuna, kama adabu inavyotaka, akapewa chumba kilichokuwa ghala la mbegu zamani.

Kanuni zilikuwa tatu. Kila mwanachama aweke angalau gunia moja, ili faida iwe ya wote. Hakuna malipo ya awali, ili mtaji wa sanduku usimalizike. Atakayemuuzia mchuuzi kabla ya Januari atozwe faini.

Kanuni ya pili niliitetea mimi. Hoja yangu ilikuwa kwamba sanduku likilipa watu Julai, halitakuwa na kitu cha kukopesha wagonjwa na wenye ada za shule. Kimahesabu ilikuwa sahihi. Mwanachama mzee kuliko wote, ambaye nitamwita Bibi, aliuliza swali moja katika kikao hicho: kati ya Julai na Januari watu watakula nini? Akashauri tuanze na ghala la mahindi, tununue Novemba yanapokuwa rahisi, tufungue Juni. Tulimjibu kwa heshima kwamba hilo litafuata baadaye, na tukapita.

Matokeo ya Agosti yalikuwa magunia 26. Tulitarajia yasiyopungua 42. Minong'ono ilianza, kisha ikathibitika kwamba wanachama 11 walipeleka viini kwa Hajia baada ya giza kuingia. Kikao kilichofuata kilikuwa kibaya. Kulikuwa na kelele, kulikuwa na machozi, faini zilitajwa hadharani. Watatu walichukua hisa zao wakaondoka.

Mmoja wa hao watatu alikuwa mke wa tatu katika nyumba ya watu wengi. Mwezi wa Machi, kabla hata kikundi hakijaamua lolote, alikopa kwa Hajia kumtibia mtoto, akaweka rehani viini ambavyo vilikuwa bado maua mtini. Julai hakuwa akivunja kanuni kwa tamaa. Alikuwa akilipa deni lililoitangulia kanuni. Hakuna aliyemuuliza kabla ya kumtoza, mimi nikiwa mmoja wa wasiouliza. Nilikuwa na daftari mkononi lenye safu ya mikopo ya kikundi, na halikuwa na safu ya madeni ya nje.

Ghalani nako kulikuwa na maradhi yake. Magunia yalikuwa ya salfeti, yamelazwa sakafuni bila vichanja, yameegemea ukuta. Baadhi ya wanawake walikuwa wamekaushia viini kando ya moto kwa sababu ya mvua, wengine waliharakisha. Mwishoni mwa Septemba mtunza ufunguo alifungua na kukutana na harufu. Magunia saba yalikuwa na ukungu. Kwa kuwa yote yalikuwa yamechanganywa, haikujulikana unyevu umetoka kwa nani, na kila mmoja alimtazama mwenzake. Novemba, harmatani ilipoanza, waliyatoa yaliyobaki wakayaanika upya kwenye maturubai siku nne.

Januari waliuza. Bei ilikuwa karibu mara moja na nusu ya ile ya Julai. Mnunuzi alikataa sehemu, akachukua nyingine, na waliokuwa na viini walipokea pesa ambayo hawajawahi kuishika kwa shea. Siku hiyo watu walicheza ngoma uani kwa Magazia. Nami niliandika ripoti nzuri.

Ni baada ya kuandika ripoti ndipo nilipoketi na orodha ya majina na kuuliza ni akina nani hasa waliongoja hadi Januari. Karibu wote walikuwa na kitu cha kuwashikilia: mume mwenye ng'ombe, mtoto wa kiume mwalimu Tamale, binti aliyekwenda Accra kubeba mizigo sokoni kichwani, kama wanavyofanya mabinti wengi wa kaskazini wanaoitwa kayayei, akituma pesa kwa simu. Tulikuwa tumewapa faida wale waliokuwa na nafasi ya kungoja, tukawatoza faini wale wasiokuwa nayo.

Msimu wa pili: marekebisho

Vikao vinne vilipita kabla ya kukubaliana. Naeleza maamuzi pamoja na sababu zake, kwa kuwa hapa ndipo kikundi kilipofikiri vizuri kuliko mimi.

Kwanza, walitenga sehemu ya faida kukomboa rehani. Mwezi wa Aprili kila mwanachama alitaja, kwa siri, kwa Magazia na Bibi peke yao, anadaiwa nini nje. Walioweka rehani walikopeshwa na sanduku wakalipa kwa fedha taslimu. Usiri ulikuwa sharti la Bibi. Alisema kwamba mwanamke hawezi kutaja deni la mumewe mbele ya watu 39 kisha arudi nyumbani salama.

Pili, walifuta kanuni niliyoitetea. Anayeleta viini Julai alipwe nusu ya bei ya siku hiyo papo hapo, nusu nyingine ingoje mauzo. Utaratibu wa kuweka mazao ghalani na kupata fedha kwayo haukuwa mgeni katika ukanda ule; Niger na Burkina Faso wakulima wanaujua kwa jina la Kifaransa, warrantage, na kwetu stakabadhi ghalani ina ukoo nao.

Tatu, kipimo kikawa mizani na si gunia. Mwenye bakuli mbili za viini aliweza kuziweka bila kuona haya. Magunia yakawa ya katani, kila moja na namba ya mwenyewe, juu ya vichanja, mbali na ukuta. Kila mzigo ulikaguliwa mlangoni: unakata viini vichache kwa kisu, unatikisa konzi sikioni. Kikavu hulia. Wanawake walijua jambo hilo tangu utoto, ila msimu wa kwanza hakuna aliyetaka kumwambia jirani yake kwamba mzigo wake mbichi.

Nne, na hili lilileta mabishano makali, Magazia alimwendea Hajia. Hakumwomba aache biashara. Alimpa haki ya kutoa bei ya kwanza Januari, sharti likiwa kupima kwa mizani, na akakodi lori lake. Wanachama vijana waliona ni kujisalimisha. Mimi nilikaa kimya, na leo naona Magazia alikuwa sahihi. Hajia ndiye aliyekuwa na usafiri, simu za wanunuzi wa Tamale, na mlango unaofunguka usiku. Kikundi hakikuwa na hata kimoja kati ya hivyo. Kumfukuza kungewaacha wanawake bila mkopeshaji wa dharura, na sanduku letu lilifunguliwa mara moja tu kila soko.

Wanachama 31 kati ya 39 waliweka viini. Wawili kati ya watatu walioondoka walirudi. Yule mke wa tatu hakurudi, na sikumlaumu. Ukungu ulikutwa katika gunia moja, na kwa kuwa lilikuwa na namba, mwenyewe aliitwa faraghani, mambo yakaisha.

Bei, hata hivyo, haikutii. Januari ilipanda kidogo tu kuliko Julai. Baada ya kutoa vichanja, magunia, lori na asilimia iliyolipwa mlinzi, faida ya kungoja ilikuwa nyembamba. Hapo nikaona tulichokuwa tumekijenga: dau juu ya bei inayoamuliwa huko mbali, na wenye viwanda vya mafuta, tukiwaomba watu wenye njaa walishikilie miezi sita.

Msimu wa tatu: swali la Bibi

Novemba ya mwaka huo, mahindi yakiwa yamejaa sokoni na bei ikiwa chini, Bibi alirudia alichosema tangu mwanzo. Safari hii alisikilizwa. Kikundi kilitumia sehemu ya sanduku kununua mahindi, na kidogo cha maharage na dagaa, kikafungia katika chumba kilekile. Kanuni ilikuwa fupi: ghala lifunguliwe Juni, kila mwanachama akope mabakuli kwa bei ya Novemba pamoja na nyongeza ndogo ya gharama, alipe baada ya kuuza shea, wakati wowote atakaoona yeye unafaa.

Hakuna aliyelazimishwa kuleta viini. Kila mmoja alikaa na magunia yake nyumbani, kando ya kitanda. Wengine waliuza Agosti, kwa sababu ada za shule zilikaribia. Wengine walikaa nayo hadi Desemba. Wanne hawakuuza viini kabisa, walikamua siagi. Kilichobadilika ni jinsi walivyosimama sokoni. Nilimwona mwanachama mmoja akitajiwa bei, akafunga mdomo wa gunia, akalibeba kurudi nalo. Mwaka wa kwanza mwanamke huyohuyo alikuwa miongoni mwa wale 11.

Uchambuzi

Kosa letu kubwa lilikuwa kulichukulia tatizo kama la bei. Lilikuwa la chakula cha miezi mitatu. Kufuli tuliweka kwenye viini, wakati kilichohitaji kufungiwa kilikuwa mahindi ya Novemba. Mwezeshaji anayekuja na hesabu ya mauzo huona tofauti ya bei kati ya Julai na Januari na kusema hii hapa fursa. Mwenye zamu ya kupika huona sufuria. Bibi aliona sufuria.

Kiasi cha chini cha gunia moja kilionekana usawa, kumbe kilikuwa mlango mwembamba. Usawa wa kikundi cha aina hii ni mwenye kidogo kuweza kuingia na kidogo chake.

Faini ya hadharani ilifanya kazi iliyo kinyume na iliyokusudiwa. Waliouza usiku waliendelea kuuza usiku. Tulichofanikiwa ni kuwafundisha kujificha zaidi. Taarifa za kweli zilianza kupatikana siku madeni yalipotajwa faraghani kwa watu wawili wanaoaminika.

Mambo ya ghala, yaani katani, vichanja, namba na ukaguzi mlangoni, yalifaulu bila mjadala, na ningeyaanza siku ya kwanza popote pale. Ni kazi ya siku mbili na yaliokoa urafiki mwingi.

Lipo moja ambalo halijapata jibu. Julai ya msimu wa tatu waume wawili waliuza mahindi yao mapema kuliko kawaida, wakijua wake zao wana ghala. Desturi ilikuwa mume atoe nafaka, nasi tulikuwa tumemwekea mke nafaka ndani ya ufunguo wake mwenyewe. Mzigo ukaanza kuhama polepole kutoka bega moja kwenda jingine. Magazia aliwaendea wazee wa nyumba hizo, akaketi nao, akazungumza kwa muda mrefu. Mmoja wa waume alinunua mahindi akarudisha. Mwingine alisema atatazama. Kikao cha mwisho nilichohudhuria, wanawake walikuwa wakibishana kama Novemba ijayo wapunguze mahindi waongeze maharage, bamia kavu na dagaa, vitu ambavyo tangu zamani ni mzigo wa mke na hakuna mume anayeweza kuvitegea. Kura hazikutosha upande wowote, wakaahirisha hadi soko linalofuata.